Wachezaji wa Bolton Waliokwenda Vitani



Jioni hii twataka kuwasimulia habari za timu moja ya mpira wa miguu ya Uingereza, jina lake Bolton Wanderers, jinsi wachezaji wake walivyoacha kiwanja wakawa askari wa mizinga katika Vita Kuu ya Pili, na yaliyowapata huko. Yamkini mzee wa Malambo atauliza, "Mpira wa Waingereza wa zamani wanihusu nini mimi, na ng'ombe wangu wanataka maji?" Ni swali la haki, nasi hatutalijibu kwa maneno mengi. Twasema hili tu: kwenu mwajua vema maana ya rika. Vijana waliotahiriwa wakati mmoja huitwa kwa jina moja, hulinda mifugo pamoja, na mmoja akitoka kwenda penye hatari wenzake huona haya kubaki nyuma. Habari hii ya Bolton ni habari ya rika, ila wao waliunganishwa na mpira badala ya jando.

Bolton ni mji wa kaskazini ya Uingereza, karibu na Manchester, ambao mpaka mwaka 1974 ulikuwa katika jimbo la Lancashire. Zamani watu wake waliishi kwa kusokota pamba. Mtu wa huko, Samuel Crompton, ndiye aliyebuni mwaka 1779 mashine iliyoweza kusokota nyuzi nyembamba nyingi kwa mara moja, na tangu hapo mji ukajaa viwanda na moshi. Mvua ya huko si kama ya kwetu ijayo kwa kishindo ikaondoka. Ni manyunyu yasiyokwisha. Jumamosi kazi ilipokoma adhuhuri, wanaume kwa maelfu walishika njia ya kiwanja kilichoitwa Burnden Park kutazama timu yao. Timu yenyewe ilizaliwa mwaka 1874 katika shule ya Jumapili ya kanisa moja, kisha mwaka 1877 vijana wakaachana na padre wao wakajiita Wanderers, yaani watu watembeao wasio na makao. Mwaka 1888 ilikuwa moja ya zile timu 12 zilizoanzisha Ligi ya Uingereza, na mwaka 1923, kiwanja kikubwa cha Wembley kilipofunguliwa, wa kwanza kuchukua Kikombe pale walikuwa Bolton. Basi haikuwa timu ya kubahatisha.

Kapteni wake katika miaka tunayoisimulia aliitwa Harry Goslin. Alizaliwa mwaka 1909, akajiunga na Bolton mwaka 1930 akitoka katika timu ndogo ya wafanyakazi huko Nottingham. Alikuwa mchezaji wa kati, mwenye kuzuia na kugawa, si mfungaji wa magoli mengi; wachezaji wa namna hiyo hawasifiwi sana na watoto, walakini wanaojua mpira hukaa wakiwatazama wao. Aliichezea Bolton zaidi ya mara 300. Mwaka 1936 akawa kapteni.

Sasa tuje katika mwezi wa Machi 1939. Tarehe 15 ya mwezi huo majeshi ya Hitler yaliingia Praha, mji mkuu wa Chekoslovakia, bila ya kurushiwa risasi ya maana. Miezi michache nyuma Hitler alikuwa ameahidi kwamba hataki ardhi zaidi. Waingereza wengi waliokuwa wakitumaini amani wakaona kwamba ahadi ile ilikuwa moshi. Serikali yao ikatangaza kuongeza maradufu jeshi la akiba, yaani jeshi la watu wenye kazi zao za kila siku ambao hufundishwa silaha jioni na siku za mapumziko. Wakati huo sheria ya kuwalazimisha vijana kuingia askari ilikuwa haijapitishwa. Aliyeingia aliingia kwa hiari yake.

Tarehe 8 Aprili 1939 Bolton walikuwa na mchezo nyumbani dhidi ya Sunderland. (Jina hilo la Sunderland si geni kwa masikio ya Kitanzania: timu ya Dar es Salaam iliyoanzishwa mwaka 1936, na ambayo tangu 1971 yaitwa Simba, kwa miaka mingi ilijiita Sunderland kwa kuipenda timu hiyo ya Waingereza.) Kabla ya firimbi ya kwanza, Goslin akaenda katikati ya kiwanja, akapewa chombo cha kukuza sauti, akazungumza na watu. Mtu wa mpira huzoea kusema kwa miguu, na hotuba yake ilikuwa fupi. Akawaambia ya kuwa hatari inayokuja ni ya kila mtu, wala haifai mtu kukaa akingoja wengine waifanye kazi. Kila mmoja atazame awezalo, ama kuingia jeshi la akiba, ama kusaidia wagonjwa, ama kulinda mji dhidi ya mabomu ya ndege. Kisha akaucheza mchezo wake.

Maneno kama hayo kila mtu aweza kuyasema mbele ya umati. Lakini mchezo ule ulipokwisha, haikupita siku nyingi ila Goslin na wenzake walikwenda wenyewe kuandikisha majina katika kikosi cha mji wao, yaani Rejimenti ya 53 ya Mizinga, iliyoitwa ya Bolton. Miongoni mwao walikuwa Ray Westwood, aliyekuwa amekwisha kuichezea timu ya taifa; Stan Hanson, mlinzi wa goli; Don Howe; Ernie Forrest; Jack Hurst; na wengine. Bolton ilikuwa na wachezaji 35 wa kulipwa mwaka huo. Katika hao, 32 waliingia majeshini kwa namna mbalimbali, na watatu waliobaki wakaenda kuchimba makaa ya mawe na kufanya kazi katika viwanda vya silaha. Hatusemi kwamba wale watatu walikuwa waoga. Mzinga haupigi bila ya risasi, wala tanuru haliwaki bila ya makaa, na mgodi huua watu hata wakati wa amani.

Vita vilitangazwa Jumapili, tarehe 3 Septemba 1939. Jumamosi iliyotangulia timu zilikuwa zimecheza kama desturi. Zilikuwa zimemaliza michezo mitatu tu ya mwaka ule mpya. Ligi ikafungwa. Mikataba ya wachezaji ikavunjwa. Mchezaji bora wa Uingereza kabla ya vita hakuruhusiwa kulipwa zaidi ya pauni 8 kwa juma, yaani shilingi 160, kwani shilingi yetu ya siku zile ilikuwa sawa na shilingi yao. Mpira wa muda uliporuhusiwa tena, malipo yalikuwa shilingi 30 kwa mchezo, na asiyecheza hakupata kitu. Serikali haikutaka watu wengi wakusanyike mahali pamoja ndege za adui zikaja kuwaua, kwa hiyo katika miji ya hatari watazamaji waliwekewa mpaka wa watu 8,000. Wala timu hazikuruhusiwa kusafiri mbali.

Siku hiyohiyo ya Septemba, Tanganyika nayo, kwa kuwa ilikuwa chini ya Uingereza, iliingia vitani bila ya mwenyeji wake yeyote kuulizwa. Hata jirani zenu wa Oldeani, juu ya Karatu, waliiona vita siku za kwanza: mashamba ya kahawa ya huko mengi yalikuwa ya Wajeremani, na wanaume hao wakakamatwa wakawekwa kizuizini, mashamba yakashikwa na Serikali. Kibarua wa Oldeani aliamka akakuta bwana wake amekuwa adui kwa sababu ya neno lililosemwa London. Twalitaja jambo hili ili ionekane kwamba vita hiyo, ijapokuwa iliitwa ya Ulaya, ilikuwa na mikono mirefu.

Turudi kwa watu wa Bolton. Pengine mtafikiri ya kuwa wachezaji mashuhuri waliwekwa mahali pa salama, kuwafundisha askari wengine viungo na kucheza mpira wa kuchangamsha watu. Wachezaji wengi wa timu nyingine walipata kazi hiyo, nayo ilikuwa kazi halali. Lakini wale wa Rejimenti ya 53 walivushwa hadi Ufaransa pamoja na mizinga yao, na katika Mei 1940, majeshi ya Wajeremani yalipopenya na kuwasukuma Waingereza mpaka pwani, nao walikuwa katika mafungo yale ya Dunkirk. Kati ya tarehe 26 Mei na 4 Juni watu 338,000 hivi waliokolewa kwa meli kubwa na vyombo vidogo. Mizinga na magari yaliachwa nyuma. Watu wa Bolton walifika kwao wakiwa hai, na hilo lenyewe lilikuwa jambo kubwa.

Ikafuata miaka miwili ya kukaa Uingereza, kupewa mizinga mipya na kufundishwa tena. Wakati huo ulikuwa na mambo yake ya kuchekesha katika mpira. Kwa kuwa askari alihamishwa huku na huku, ilikubaliwa mchezaji aichezee timu yoyote iliyo karibu na kambi yake kama mgeni. Goslin mwenyewe aliichezea timu ya Uingereza mara nne katika michezo ya wakati wa vita, na pia timu nyingine kama mgeni. Timu zilikosa watu mpaka siku ya mchezo zikatafuta wachezaji katika umati. Siku ya Noeli ya mwaka 1940 watu wa Brighton walifika Norwich wakiwa wachache, wakajaliza pengo kwa askari na watazamaji waliokubali kuvua makoti yao, wakafungwa magoli 18 kwa bila. Twadhani wale watazamaji waliovua makoti walisimulia habari hiyo mpaka wajukuu wakachoka.

Mwaka 1942 Rejimenti ikasafirishwa Misri, na baadaye Iraki, chini ya Divisheni ya Nane ya Kihindi. Huko jangwani mpira wao ulifufuka. Jeshi lilikuwa na watu wa mataifa mengi, na kila taifa lilijiona kwamba linajua mpira. Watu wa Bolton walicheza na timu za askari wenzao, na huko Baghdad walipambana na timu ya askari wa Poland, watu ambao nchi yao ilikuwa imekwisha kumezwa. Goslin wakati huo alikuwa ofisa, mwenye cheo cha luteni, na baadhi ya wachezaji wake walikuwa askari wa kawaida. Kambini walimpigia saluti. Kiwanjani walimwambia apige pasi.

Hapa twapenda kueleza kidogo kazi ya mizinga, maana wengi husikia neno hilo wakadhani ni kuvuta kamba tu na kuziba masikio. Mzinga uliotumiwa sana na Waingereza uliitwa wa ratili 25, kwa sababu ya uzito wa kombora lake, kilo 11 na kitu. Uliweza kulitupa kombora hilo umbali wa kilomita 12 hivi, yaani mwendo wa zaidi ya saa mbili kwa miguu. Watu sita waliuhudumia: mmoja hufungua na kufunga kinywa cha nyuma, mmoja hulenga kwa kutazama katika kioo, mmoja hujaza, wengine huleta na kutayarisha makombora, na mkubwa wao huamuru. Anayelenga hamwoni adui. Aonaye adui ni ofisa aliyekwenda mbele pamoja na askari wa miguu, amejificha penye kilima au katika nyumba iliyobomoka, akiwa na simu ya waya. Yeye husema, "Ongeza, punguza, kulia kidogo," na mizinga iliyo nyuma sana humtii. Waya ukikatika, mtu hutoka akautafuta kwa mikono usiku, katika matope, chini ya makombora. Aliyezoea kucheza na mwenzake miaka mingi, akijua kabla ya kutazama kwamba yule amesimama wapi, alikuwa na faida katika kazi hiyo.

Septemba 1943 divisheni ile ikashuka Taranto, kusini ya Italia. Kutoka hapo walipanda kuelekea kaskazini kwa upande wa bahari ya Adriatiki. Nchi ile ina mito mingi itokayo milimani kwenda baharini, na kila mto ulikuwa ngome ya adui: Biferno, Trigno, kisha Sangro. Novemba mvua zikanyesha, Sangro ukajaa, madaraja yakachukuliwa na maji, mizinga ikazama katika tope hata magurudumu yasionekane. Wajeremani walikaa vilimani wakitazama chini. Mto ukavukwa kwa damu nyingi, na vita ikaendelea Desemba yote katika mashamba ya mizeituni.

Katika siku hizo za Desemba Harry Goslin alijeruhiwa vibaya na kombora la adui. Akafa tarehe 18 Desemba 1943, mwenye umri wa miaka 34. Miaka minne na miezi minane ilikuwa imepita tangu aliposimama katikati ya Burnden Park.

Sisi tumelifikiri sana jambo hili. Mtu awaitaye wenzake katika hatari huchukua deni kubwa. Kama katika wale aliowashawishi angekufa kijana wa miaka ishirini, na yeye akarudi nyumbani salama kula pensheni yake, asingeweza kumtazama mama wa yule kijana usoni. Goslin hakulikimbia deni lile. Lakini si kwamba alilipa peke yake. Miezi miwili nyuma, Oktoba 1943, mchezaji mwingine wa Bolton aitwaye Walter Sidebottom, kijana aliyekuwa ndiyo kwanza aanze kuichezea timu, alikufa baharini wakati manowari aliyokuwamo ilipopigwa topido. Yeye hakuwa wa Rejimenti ya 53, alikuwa baharia. Hao wawili ndio waliokosekana Bolton ilipohesabu watu wake.

Goslin amezikwa katika makaburi ya vita ya mto Sangro, penye mteremko unaotazama bonde. Makaburi hayo yana mawe zaidi ya 2,600. Penye makaburi hayohayo lipo na kumbukumbu la askari wa Kihindi zaidi ya 500 ambao, kwa desturi ya dini zao, hawakuzikwa bali walichomwa moto. Wachache nje ya familia zao wayajua majina yao, ingawa walikuwa wa jeshi lilelile na walikufa katika tope lilelile.

Hapo ndipo tunapotaka kuwaelekeza macho karibu na nyumbani. Kutoka Tanganyika peke yake watu 87,000 hivi walihudumu katika Vita Kuu ya Pili. Wako waliokwenda Uhabeshi, Madagaska na Burma. Wako waliojitolea, na wako walioandikwa kwa nguvu na wakubwa wao bila ya hotuba yoyote katikati ya kiwanja. Afrika ya Mashariki nayo ilikuwa na askari wake wa mizinga. Mwanzo wa Februari 1944, wiki saba tu baada ya kufa kwake Goslin, Rejimenti ya 301 ya Mizinga ya Afrika ya Mashariki ilipakiwa Kilindini, Mombasa, katika meli iliyoitwa Khedive Ismail, kwenda Ceylon. Tarehe 12, karibu na visiwa vya Maldivi, manowari ya chini ya bahari ya Wajapani iliipiga meli hiyo topido mbili. Ilikuwa mchana, wengi wakiwa ndani chini ya sitaha. Meli ikazama kwa muda usiotimia dakika tatu. Watu 1,297 walikufa, na kati yao wanawake 77, wengi wao wauguzi. Waliookoka walikuwa 214 tu. Tena wengine waliokuwa wakielea waliuawa na mabomu ya maji yaliyotupwa na manowari za kwao wenyewe, kwa kuwa adui alikuwa amejificha chini yao, na kama angeachwa angezipiga meli nyingine za msafara.

Wapiga mizinga wale walijifunza amri zilezile walizojifunza watu wa Bolton, na mizinga yao ilikuwa ya aina moja. Jioni kambini nao walicheza mpira, kama askari wote wa mahali pote. Tofauti ni kwamba watu wa Bolton walikuwa na mji mzima uliojua majina yao kwa sababu ya Jumamosi, na waandishi wa magazeti, na picha. Wetu, majina yao yaliandikwa katika ukuta wa kumbukumbu huko Nairobi, penye makaburi ya vita, na anayetaka kuyasoma lazima asafiri. Mtoto wa shule ambaye babu yake mkubwa hakurudi kutoka baharini mwaka 1944 anaweza kulikuta jina la ukoo wake pale.

Na Bolton kwenyewe je, wakati wanaume wako Italia? Timu ilichezwa na vijana na wageni. Tarehe 4 Septemba 1939, siku ya pili ya vita, mtoto wa miaka 14 aitwaye Nat Lofthouse aliandikwa na klabu. Aliicheza mechi yake ya kwanza mwezi wa Machi 1941, akiwa na miaka 15, dhidi ya majirani zao wa Bury. Bolton wakashinda 5 kwa 1, naye akafunga mawili. Ulipofika umri wake wa kuitwa, mwaka 1943, hakupelekwa jeshini bali mgodini, maana nchi ilipungukiwa na makaa. Aliamka usiku wa manane, akashuka chini ya ardhi kusukuma magari ya makaa kutwa, na Jumamosi baada ya zamu akaenda kucheza. Kazi ile ilimpa mabega ambayo walinzi wa timu nyingine walikuja kuyajutia. Watu wa Malambo watapenda kusikia kwamba baadaye aliitwa Simba wa Vienna: ilikuwa Mei 1952, Uingereza ilipocheza na Austria katika mji huo, akafunga goli la ushindi huku akijua kwamba mlinzi wa goli anamjia mzima mzima, wakagongana, akaanguka hajijui, asione mpira wake ukiingia. Aliichezea timu ya taifa mara 33 akafunga magoli 30.

Vita vya Ulaya vilikwisha Mei 1945. Mwezi huohuo Bolton waliwashinda Manchester United katika Kikombe cha vita cha upande wa kaskazini, na Juni wakawashinda Chelsea, washindi wa upande wa kusini, 2 kwa 1. Mji ulifurahi sana. Askari walianza kurudi mmoja mmoja.

Lakini vita ilikuwa imeacha mkia wake pale kiwanjani. Serikali ilikuwa imechukua jukwaa moja la Burnden Park na kulijaza shehena za chakula, na hata mwaka 1946 shehena zile zilikuwa hazijaondolewa. Kwa sababu hiyo milango ya upande ule ilikuwa imefungwa, na watu wote wa upande huo ilibidi wazunguke na kuingilia kwingine. Tarehe 9 Machi 1946 walikuja Stoke City, na mchezaji wao maarufu Stanley Matthews, katika mashindano ya Kikombe. Watu waliokuwa wamekaa miaka sita bila ya mpira wa kweli walifurika. Husemwa walikuwa kiasi cha 85,000. Wengine walipanda kuta, wengine waliingia kwa njia ya reli. Dakika chache baada ya mchezo kuanza vyuma vya kuzuilia watu vikavunjika, waliokuwa nyuma wakawasukuma wa mbele, na watu 33 wakafa kwa kukanyagwa na kukosa pumzi. Mamia waliumia. Mchezo ukasimamishwa, maiti wakawekwa kando, ukachorwa mstari mpya kwa unga wa mbao, na mchezo ukaendelea mpaka mwisho. Waliouendesha walisema walihofu kwamba umati ukiambiwa utaingiwa na ghasia. Huenda ni kweli. Hata hivyo sisi hatuwezi kuifikiri picha ile ya mpira ukichezwa kando ya maiti bila ya kuona vibaya. Nadhiri ya wafu ni kimya kidogo, na siku ile hawakukipata. Bila kufunga wala kufungwa, hata goli moja halikuingia.

Ligi kamili ilianza tena Agosti 1946, miaka saba tangu ilipofungwa. Mchezaji wa mpira huwa na miaka kumi au kumi na miwili ya nguvu; waliotoka jeshini walikuwa wameitoa iliyo bora. Waliondoka wakiwa na miaka 24 na 25, wakarudi wengine wamepita 30, magoti yakilalamika. Baadhi waliacha mpira mara moja. Ernie Forrest na Don Howe waliendelea kidogo. Stan Hanson, yule mlinzi wa goli, ndiye aliyedumu kuliko wote: mwaka 1953 alikuwa bado langoni Wembley, katika mchezo wa mwisho wa Kikombe dhidi ya Blackpool. Bolton walikuwa wakiongoza 3 kwa 1, kisha Matthews, ambaye sasa alikuwa upande wa Blackpool, akawazungusha walinzi mpaka wakafungwa 4 kwa 3. Lofthouse alifunga mojawapo ya yale matatu. Yeye alingoja miaka mitano zaidi, akarudi Wembley mwaka 1958 akiwa kapteni, akafunga magoli yote mawili waliposhinda Manchester United, akakipokea Kikombe. Alifariki mwaka 2011.

Timu ilihama Burnden Park mwaka 1997. Kiwanja kikabomolewa, na mahali pale, ambapo Goslin alisimama na kile chombo cha kukuza sauti, pamejengwa duka kubwa.